Kano za Mkono wa Kulia

Watu wanaosikia walimchukulia Kiema kuwa mtu mkimya. Pale dukani kwa Ayub, nyuma ya soko la Machakos, wateja walimwona akipima kioo, akikikwaruza mara moja kwa kisu chake cha kukatia, akikivunja kwenye ukingo wa meza na kuwakabidhi bila neno, wakaenda zao wakisema yule fundi ni mpole. Hawakumjua. Miongoni mwa viziwi wenzake, Kiema alikuwa mpiga soga asiye na mfano. Jumapili, ibada ya viziwi ilipokwisha, watu waliotoka Kathiani, na wengine mbali kama Matuu, hawakuwa na haraka ya kurudi kwao. Walibaki uani mwa kanisa wamemzunguka, na mikono yake ikaanza.

Kisa walichokipenda zaidi ni cha mpishi mgeni katika shule yao ya bweni. Mpishi huyo, siku yake ya kwanza, alipiga kengele ya chakula cha jioni mpaka mkono ukamfa ganzi, asijue kwa nini watoto hawaji, na ugali ukapoa sufuriani. Kiema alikuwa mpishi, akawa kengele, akawa ugali. Vidole vyake vilikunjika na kukunjuka upesi hivi kwamba wageni walimwomba arudie, na wenyeji wakacheka kabla hajafika mwisho.

Mkewe, Mutindi, naye alikuwa kiziwi. Walijuana shuleni humo. Ni Kiema aliyempa jina lake la ishara: kidole cha shahada kilichopinda, kinagusa shavu la kulia mara mbili, kwa sababu ya kishimo kinachotokea anapocheka. Viziwi wote wa Machakos walimwita hivyo. Mutindi alikuwa na kibanda cha matunda sokoni, na wawili hao walikuwa na uwezo ambao jirani zao waliuonea wivu: waliongea wakiwa kila mmoja upande wake wa soko, katikati ya makelele yote, bila kuinuka.

Kulikuwa pia na Loise, dada mkubwa wa Kiema, mpishi wa shule ya upili. Kabla Kiema hajapelekwa shuleni, Loise ndiye aliyebuni naye ishara zao za nyumbani: maziwa, njoo, mwaitu, yaani mama, amekasirika. Baadaye, kila likizo, mdogo wake alimfundisha zile za kweli. Benki, kwa chifu, hospitalini, popote palipohitaji sauti, Loise alikuwa sauti.

Lakini siku ya ajali Loise alikuwa kazini kwake.

Ayub na Kiema walikuwa wakiweka kioo kikubwa cha mbele ya duka, kwenye jengo jipya kando ya barabara iendayo Kathiani. Ayub alihisi upande wake unateleza, akapiga kelele. Mtu mwingine angeachia na kuruka nyuma. Kiema alikiona kioo kinaegemea wakati tayari kinamjia, akanyoosha mkono wa kulia kukizuia, kama mtu anavyozuia mlango. Kilipasuka kwenye fremu, na ukingo wake ukapita kiganjani, chini kidogo ya mashina ya vidole vyote vinne.

Hakusikia uchungu mwanzoni, baridi tu. Ayub alivua shati, akamfunga mkono, wakapanda pikipiki watatu na dereva mpaka kliniki ya karibu, ile ambayo mtu anaiona kwanza akiingia mjini.

Tabibu alikuwa kijana, na foleni ilikuwa imejaa ukumbini. Alikuwa amevaa barakoa. Alifungua shati lile, akaosha, akainua macho akasema neno. Kiema aliona kitambaa cha barakoa kikitikisika. Hakuona mdomo.

"Huyu hasikii," Ayub alisema.

Tabibu alirudia kwa sauti zaidi. Kitambaa kilitikisika tena. Kiema alimtazama Ayub, naye Ayub, ambaye kwa miaka yote ile ya kazi alikuwa amejifunza ishara za vipimo na chai tu, akainua mabega. Tabibu aliangalia ukumbini, kisha akachukua sindano ya ganzi. Alishona vizuri. Nyuzi zilikaa kwa mstari, zimelingana. Ayub mwenyewe alisifu kazi ile, na Kiema alimshukuru yule kijana kwa kushika kifua.

Kwa wiki mbili mkono ulikaa ndani ya bendeji. Vidole vilikuwa vimevimba, havisogei, naye aliamini ni uvimbe. Nyuzi zilipotolewa na bendeji ikatupwa, alikaa na Mutindi kitandani wakautazama. Kovu lilikuwa jembamba, safi. Mutindi alinyoosha mkono wake mwenyewe mbele ya uso wa mumewe, akakunja vidole polepole. Hivi.

Kiema alikunja. Kidole gumba kilikuja. Vile vingine vinne vilibaki vimenyooka, kana kwamba si vyenyewe vilivyoambiwa.

Mutindi alirudia. Hivi, fanya hivi. Alirudia mpaka Kiema akaushika mkono wa mkewe kwa ule wake wa kushoto, akaushusha.

Daktari wa upasuaji katika hospitali waliyotumwa aliitwa Rehana, mzaliwa wa mjini hapo hapo. Jambo la kwanza alilofanya lilikuwa kuishusha barakoa yake hadi kidevuni, na alipozungumza alimtazama Kiema, si Loise. Alivigusa vidole kimoja kimoja, akavikunja yeye mwenyewe, akaviachia. Vilirudi kunyooka. Akabonyeza kiganja, akatafuta kwa kidole chake hadi juu ya kifundo cha mkono.

"Ngozi imeshonwa vizuri sana," alisema. "Chini ya ngozi hakuna kilichoshonwa."

Alieleza, na Loise akafuata kwa mikono. Alisema ndani ya mkono kuna kano, kamba nyeupe ngumu zinazotoka kwenye misuli ya mkono wa chini na kwenda mpaka ncha za vidole. Misuli ikivuta, kano inateleza ndani ya ala yake na kidole kinakunjika. Kano ikikatwa haibaki pale ilipokatwa. Misuli inaivuta juu, inajificha, na kila siku inayopita inazidi kuwa fupi na ngumu, mpaka mwisho haifiki tena kwenye ncha yake ya pili. Siku ya kwanza kazi ingekuwa rahisi. Sasa angejaribu.

"Kwani hawakumpima?" Loise aliuliza.

"Kipimo chenyewe ni kumwambia mtu akunje vidole."

Mikono ya Loise ilibaki mapajani. Kiema alimwona uso wake ukibadilika, akamgusa goti. "Niambie," alisema kwa mkono wa kushoto. Loise alimwambia. Kiema aliitazama ile barakoa kidevuni kwa daktari, akakumbuka nyingine ikitikisika, akaelewa sasa ilikuwa ikisema nini.

Upasuaji haukumlaza usingizi. Daktari alitaka awe macho, mkono tu ndio ufe ganzi, ili akimaliza kushona amwombe akunje vidole, aone kama mshono unashika na unapita. Kwa hiyo Loise alivalishwa gauni la kijani na kofia, akawekwa kando ya kichwa cha ndugu yake. Daktari alikuwa ameagiza pazia lisiwekwe juu sana. Kiema aliona kila kitu.

Aliuona mkono wake umefunguliwa kama mfuko. Aliona daktari akiikamua misuli ya mkono wa chini kuelekea kiganjani, kwa subira, kama mtu anayekamua mbuzi mgumu, mpaka ncha ya kano ya kwanza ikachungulia, nyeupe, imechakaa kama mwisho wa kamba ya mkonge. Daktari aliishika kwa sindano isirudi. Akaitafuta ya pili.

Alishona huku akieleza, kwa kuwa Loise alimwomba aeleze; kimya kilikuwa kinamtisha. Uzi haupitishwi ukingoni, alisema, maana nyuzinyuzi za kano zimelala urefu, na uzi ukivutwa utaichana katikati kama kisu kwenye muwa. Unaingia ndani ya kano, unatembea na urefu wake, unatoka ubavuni, unajifunga hapo, unarudi. Kila kano alivusha uzi mara nne kutoka ncha hii hadi ile, kwa kuwa mara mbili hazitoshi kubeba nguvu ya kidole. Fundo alilizika ndani. Kisha akachukua uzi mwembamba kuliko unywele, akazunguka ukingo wote wa maungio, mishono midogo midogo, ili pawe laini.

"Ukishona kidogo, inakatika," alisema. "Ukishona kwa fujo, inavimba, inakwama kwenye ala. Mwambie tuko katikati ya hayo mawili."

Loise alimwambia, kutoka kwenye stuli aliyosogezewa na muuguzi. Daktari alipomaliza ya mwisho, alirudi nyuma hatua moja. "Sasa mwombe akunje. Polepole."

Kiema alikunja. Vidole vinne, vyenye damu na mwanga mkali juu yake, vilishuka kidogo kuelekea kiganjani, vikasimama, vikashuka tena. Muuguzi alipiga makofi bila sauti. Kiema alikuwa akilia, na Loise alimpangusa kwa ukingo wa gauni lake.

Hiyo ndiyo siku nzuri pekee iliyomo katika habari hii.

Plasta iliwekwa upande wa nyuma wa mkono, kuanzia chini ya kiwiko hadi ncha za vidole, kifundo kimepindwa, ili kano zisivutwe. Masharti yalikuwa magumu. Vidole asiviache vikae tu, maana kano ikilala inagandana na kovu na haitateleza tena. Lakini asivitumie. Kila saa avikunje kwa mkono wa kushoto, avikunjue, basi. Asishike kikombe. Asifunge kitufe. Kisha daktari akamwuliza Loise mtu huyu anatumia mkono gani kuongea.

"Yote miwili," Loise alisema. "Wa kulia zaidi."

"Basi asiongee nao. Mwambie ni kama nimemwomba afunge mdomo mpaka nimruhusu. Najua ni kitu kikubwa."

Kiema alikubali. Alikubali upesi, maana vidole vilikuwa vimekunjika na alikuwa ameviona.

Wengine wangedhani mkono mmoja unatosha. Mkono wa kushoto wa Kiema ulikuwa msaidizi tu maisha yake yote: ulikuwa sahani ambayo wa kulia unaweka chakula. Ukiachwa peke yake ulishikwa na kigugumizi. Aliweza kusema maji, ndiyo, sitaki, lala. Hakuweza kusema kwamba ameota kuhusu baba yake, au kwamba anaogopa. Mutindi alijitahidi kumalizia sentensi zake, na alipokosea Kiema alitikisa kichwa, akaanza tena, akachoka, akageukia ukuta. Mchana alibaki nyumbani. Usiku Mutindi alimfunga leso juu ya plasta, kwa kuwa mikono yake ilikuwa na tabia ya kusema usingizini. Hata jina la mkewe alilisema kwa kushoto, na kidole kile kiligusa shavu lisilo na kishimo.

Jumapili ya tatu Mutindi alimshawishi watoke. Alimwambia atakaa tu, atazame wenzake. Kiema aliweka mkono kwenye kitambaa kilichoning'inia shingoni, akaenda.

Uani walimpokea kama mtu aliyetoka mbali. Walimketisha kwenye benchi, wakasimama mbele yake kwa mviringo, wakampa habari za wiki zote zile, nani ameoa, nani amefukuzwa kazi, nani amenunua simu ya wizi akashikwa nayo. Kiema alitazama. Ilikuwa kama kukaa karibu na chakula. Ndipo Festus, waliyelala naye bweni moja, akaamua kumchangamsha kwa kile kisa cha mpishi na kengele.

Festus ni mtu mwema lakini hajui kusimulia. Alimfanya mpishi mnene, ilhali alikuwa mwembamba kama ufito. Aliisahau sufuria. Alifika kwenye kengele akaipiga mara mbili tu, akataka kwenda mwisho. Watu walianza kumtania, wakimgeukia Kiema, wakimwambia ona mwanafunzi wako. Kiema alikuwa akicheka. Alicheka kwa mwili mzima, kwa mara ya kwanza tangu kioo kile, akatikisa kichwa, hapana, hapana, si hivyo, na mkono wa kulia ukatoka kwenye kitambaa, ukaishika kamba ya kengele na kuivuta.

Hakukuwa na uchungu mwingi. Kitu kiliachia ndani ya kiganja, kama kifungo kinapokatika shatini. Kisha kingine.

Mkono wake ulibaki hewani. Waliokuwa wakicheka waliendelea kidogo, kwa kuwa walidhani ni sehemu ya kisa, mpaka walipouona uso wa Mutindi.

Daktari Rehana alimfungua tena wiki hiyo hiyo. Hakumlaumu, alimwambia Loise kwamba jambo hili humtokea hata mtu aliyejichunga. Kano za vidole viwili vya mwisho zilikuwa bado zimeshika. Za kidole cha shahada na cha kati zilikuwa zimechanika vibaya, nyuzi zimepita ndani yake na kuziacha kama majani ya mgomba yaliyopigwa na upepo. Hapakuwa na cha kushonea. Alieleza kwamba kuna njia nyingine, ndefu: kuweka mpira mwembamba ndani ya ala ili njia isizibe, kungoja miezi, kisha kutoa kano ya ziada kutoka mahali pengine mwilini na kuipitisha pale. Watu wengi wanayo moja ya ziada kwenye mkono wa chini. Alimwonyesha Kiema namna ya kugusanisha kidole gumba na kidole cha mwisho na kupinda kifundo, ili iinuke chini ya ngozi. Mkono wa kushoto haukuinua kitu. Alimfanya arudie. Wengine huzaliwa bila hiyo, alisema, si ugonjwa. Wangeitoa mguuni.

Waliweka mpira. Kidonda kikaoza. Mpira ukatolewa, dawa zikamiminwa mshipani, na kidonda kilipopona kilikuwa kimejaza kiganja chote kovu gumu. Hata vile vidole viwili vilivyokuwa vimeshika viligandana humo. Mtaalamu wa mazoezi alivisugua kwa mafuta, akavivuta, akavikunja, mwezi baada ya mwezi. Vilikubali kupinda kidogo kwenye kiungo cha kwanza. Kidole cha shahada na cha kati vilibaki vimenyooka.

Ayub hakumfukuza. Alimpa kazi ya kupangusa vioo na kufungulia wateja mlango. Kiema aliifanya kwa muda, kisha siku moja hakwenda, wala Ayub hakutuma mtu kumwita.

Kilichomvunja zaidi hakikuwa kazi. Plasta ilipotoka aliruhusiwa kuongea, na hapo ndipo alipojua. Ngumi haikuwa ngumi. Maneno yanayotofautiana kwa kidole kimoja kupinda yalitoka yakiwa neno moja. Wageni uani walimkodolea macho, kisha wakamgeukia Mutindi awatafsirie, na wao wote walikuwa viziwi wa lugha moja. Festus alimtazama kwa bidii, akitikisa kichwa kama anayeelewa, na Kiema alijua kutikisa huko. Ndivyo alivyokuwa akiwatikisia watu wanaosikia tangu utotoni. Aliacha kwenda kanisani.

Mutindi alimwelewa kuliko wengine, lakini naye alimwomba arudie. Alimwomba kwa upole, na upole ule ulimuudhi. Ikawa jioni wanakaa, anaanza sentensi, anaona nyusi za mkewe zikikusanyika, anaifuta hewani kwa kiganja.

Mwaka uliofuata Kiema na Loise walikwenda kwa daktari mara ya mwisho. Alikuwa amehamishiwa mji mwingine, na alitaka kuwaona wagonjwa wake kabla hajaondoka. Aliupima mkono, akaandika, akasema kwa sauti ya chini kwamba kwa hali ya kovu lile hangemshauri mtu yeyote kuufungua tena. Kisha akaishusha barakoa kama kawaida yake, akamtazama.

"Kuna jambo ungependa kuniambia?"

Kiema alikuwa nalo. Alikuwa amelifikiria kwa wiki nyingi. Vile vidole viwili vilivyonyooka vilikuwa vinaingia katika kila neno na kuliharibu. Bila hivyo, pengine vilivyobaki vingesema kitu. Alisema: "Nikatie hivi viwili. Vinanizuia kuongea."

Loise alimtazama mikono. "Sema tena," alimwambia.

Alisema tena, kwa mabega, kwa uso, akivielekezea kwa mkono wa kushoto. Loise, aliyemwelewa kabla dunia nzima haijamwelewa, alikunja paji la uso, kisha paji likakunjuka, akamgeukia daktari.

"Anasema asante," alisema. "Anasema ulijitahidi kwa huu mkono, Mungu akubariki."

Kiema hakusikia, lakini aliuona uso wa daktari. Aliona macho yake yakilowa, aliuona mdomo ukisema karibu, karibu sana. Hakuna anayejibu hivyo mtu akiomba kukatwa vidole. Aliinua mkono wa kushoto kurekebisha. Loise alikuwa anatabasamu, ameshika mkoba, amechoka, ameomba ruhusa kazini ya nusu siku. Kiema aliushusha mkono, akaushika wa daktari uliokuwa umenyooshwa.

Mjini Loise alimwacha kwenye kona ya soko, akakimbilia kazini. Mutindi alikuwa anafunga kibanda. Kutoka upande wake wa soko alimwuliza daktari amesema nini. Kiema alitikisa kichwa. Mutindi aliuliza tena, ishara kubwa zaidi, na watu wakapita katikati yao na mikokoteni ya maembe, naye Kiema akasimama pale mikono yake ikiwa mifukoni mpaka mkewe alipoacha kuuliza na kurudi kufunga turubali.